Mapenzi ya utu uzima katika hadithi za Warusi

Daktari mjane anamwita ofisini mgonjwa mkorofi, mwanamke wa makamo anayeshtakiwa kwa kuvunja utaratibu wa hospitali. Wanagombana. Hivyo ndivyo inavyoanza tamthilia ya Aleksei Arbuzov ya miaka ya 1970, yenye wahusika wawili tu, katika nyumba ya tiba iliyo ufukweni karibu na Riga. Baadaye tunajua kwamba vita vilimchukua mke wa daktari, na mwana wa yule mwanamke.

Watazamaji wa Kisovieti hawakuhitaji maelezo. Vita Kuu ya Pili viliua watu wapatao milioni 27 nchini mwao, wengi wao wanaume. Hata leo wanawake wa Urusi huishi takriban miaka kumi zaidi ya wanaume, kwa hiyo upweke wa uzeeni huwaangukia zaidi wao.

Kikwazo kingine ni fedha. Katika filamu ya Vladimir Menshov ya mwaka 1980, “Moscow Haiamini Machozi”, Katerina ana miaka 40, amelea binti peke yake na ni mkurugenzi wa kiwanda. Ndani ya treni anakutana na Gosha, fundi mwerevu anayeamini kwamba mume lazima ampite mkewe kwa kipato. Akigundua cheo cha mwenzake, anatoweka na kuzama katika pombe. Wanawake wanaofanya biashara kubwa kuliko waume zao watamtambua mara moja. Filamu hiyo ilipata tuzo ya Oscar mwaka 1981. Kwa maoni yangu inamsamehe Gosha upesi mno. Inaishia mezani, yeye akila supu, Katerina akimtazama.

Meza hiyo ina asili ya zamani. Mwaka 1835 Nikolai Gogol, mzaliwa wa Ukraine aliyeandika kwa Kirusi, alisimulia habari za Afanasy na Pulkheria, wazee wasio na mtoto ambao siku nzima huulizana watakula nini. Bibi alipohisi kifo kinakaribia, wasiwasi wake ulikuwa mmoja: alimwagiza mtumishi namna ya kumpikia mzee na kumtunzia nguo. Miaka mitano baadaye mgeni anamtembelea Afanasy. Kinaletwa chakula alichokuwa akikipika marehemu. Mzee anajaribu kumtaja, anashindwa, na machozi yanamtiririka.