Sireni: Viumbe wa Hadithi Walioua kwa Kuimba

Silaha tunazozijua ni panga, mkuki, upinde na bunduki. Je, sauti inaweza kuwa silaha? Wagiriki wa kale walisimulia kwamba inaweza. Katika hadithi zao walikuwamo viumbe walioitwa Sireni. Hawakuwa na sumu. Hawakumkimbiza mtu. Waliimba tu.

Hadithi yao inayojulikana zaidi imo katika utenzi mrefu wa mshairi Homer, uliotungwa zaidi ya miaka 2,600 iliyopita. Utenzi huo unaeleza safari ya Odysseus, mfalme wa kisiwa cha Ithaca. Alikuwa akirudi kwao kwa jahazi baada ya vita vya Troy.

Njiani mwanamke mchawi, jina lake Circe, alimwonya. Alimwambia kwamba mbele yake wako Sireni. Wameketi kwenye majani mabichi, na kando yao pana rundo la mifupa ya watu. Anayewakaribia bila kujua, akasikia sauti zao, harudi tena nyumbani. Mke na watoto watamngoja bure.

Odysseus alichukua bonge la nta, akalikata vipande vipande, akaifinyanga mpaka ikalainika. Akaziba masikio ya mabaharia wake wote. Yeye mwenyewe hakuziba, kwa kuwa alitaka kusikia. Basi wenzake wakamfunga kwenye mlingoti, mikono na miguu. Aliwaagiza kwamba akiomba kufunguliwa, wamkaze zaidi.

Upepo ukakatika, bahari ikatulia. Mabaharia wakatua tanga, wakapiga makasia. Sireni wakaanza kuimba. Odysseus akashikwa na hamu kubwa, akawaashiria wenzake kwa nyusi wamfungue. Wao hawakusikia kitu. Wawili wakainuka, wakamwongezea kamba. Wakapita salama.

Je, waliimba nini? Wengi hudhani ni nyimbo za mapenzi. Homer hasemi hivyo. Anasema walimwita Odysseus kwa jina lake. Wakamwambia kwamba wanajua yote yaliyotokea Troy, na yote yanayotokea duniani, na kwamba atakayewasikiliza ataondoka akiwa na maarifa zaidi. Fikiri, ndugu msomaji. Mtu huyu amepigana vita miaka 10. Hakuna habari anayoitamani kuliko habari za vita vile. Mimi naona hapo ndipo ulipokuwa ukali wa silaha yao. Sauti haikuwa ya kutisha. Ilimwahidi kila mtu kile hasa alichokitaka.

Homer hakueleza sura zao. Wachoraji wa Ugiriki waliwachora kama ndege wenye kichwa cha mwanamke. Katika jumba la makumbusho la British Museum, mjini London, uko mtungi wa karne ya 5 kabla ya Kristo wenye picha hiyo, na Odysseus amefungwa kwenye mlingoti. Karne nyingi baadaye watu wa Ulaya waliondoa mabawa, wakaweka mkia wa samaki.

Jina la Sireni halikubaki kwenye hadithi. Mwaka 1819 Mfaransa aitwaye Cagniard de la Tour alitengeneza chombo cha kutoa sauti. Kilikuwa na sahani yenye matundu, inayozunguka. Hewa ilipita kwenye matundu kwa vipande vipande, ikalia. Kwa kuwa chombo hicho kiliweza kulia hata ndani ya maji, alikiita sireni. Vyombo vya namna hiyo ndivyo tunavyoviita ving'ora. Katika vita vya 1939 hadi 1945, ving'ora viliwaonya watu wa mijini wakimbilie mahandaki kabla ya mabomu kuanguka. Jina lile lile lililokuwa la kuua likawa la kuokoa.

Kuna mwingine aliyepewa jina hilo, naye yumo katika bahari yetu. Ni nguva. Wataalamu wa wanyama wamemweka katika kundi linaloitwa Sirenia. Pwani watu husimulia kwamba nguva ni nusu mwanamke, nusu samaki. Kwa kweli ni mnyama anayenyonyesha, na matiti yake yako chini ya mapezi ya mbele. Hufikia urefu wa mita 3. Hula majani yaotayo chini ya bahari. Sauti yake ni ndogo, kama mlio wa ndege, nayo haimdhuru mtu.

Anayedhurika ni yeye. Nguva hupumua hewa kama sisi. Akinaswa katika jarife hawezi kupanda juu, basi hufa maji. Jike huzaa mtoto mmoja tu, kisha hukaa miaka kadhaa kabla ya kuzaa tena. Tanzania wamebaki wachache sana, hasa kati ya Rufiji, Mafia na Kilwa. Ndugu yao mkubwa wa bahari za kaskazini aligunduliwa na wataalamu mwaka 1741. Kufikia mwaka 1768 alikuwa amekwisha wote, kwa kuwindwa.

Ukimkuta nguva wavuni naye yu hai, usianze kuhangaikia nyuzi. Kwanza inua pua yake juu ya maji apate pumzi. Ndipo ukate wavu na kumwachia. Ukifika pwani, mweleze afisa uvuvi ni mahali gani ulipomkuta.