Kwa nini filamu ya mashujaa kumi haikupendwa?



Mwezi huu ukurasa wa burudani unaacha mpira kidogo. Vijana kadhaa walituomba tuandike juu ya filamu ya Marekani inayoitwa Eternals, ile ambayo kwa Kifaransa ni Les Éternels, kwa sababu waliiangalia na wakabishana mpaka usiku. Mmoja alisema ni nzuri kupita zote. Wengine walisema walilala. Basi niliomba waiweke tena, tukaiangalia pamoja Jumamosi moja mchana kwenye televisheni ndogo, watu kama ishirini chumba kimoja, watoto mbele, akina mama nyuma, na koko mmoja kwenye kiti karibu na mlango ili apate hewa. Kijana mmoja alikuwa anatutafsiria kutoka Kifaransa.

Kwanza niseme filamu yenyewe ni ipi. Ilitoka Novemba 2021. Walioitengeneza ni Marvel, watu wale wale wa Iron Man, Avengers na Black Panther, na ilikuwa filamu ya 26 katika mfululizo wao. Hadithi ilitolewa katika vitabu vya katuni vya Jack Kirby vya mwaka 1976. Mwongozaji ni Chloé Zhao, mwanamke aliyezaliwa China. Aprili 2021, miezi sita tu na kidogo kabla, alikuwa amepata tuzo ya Oscar ya mwongozaji bora kwa filamu yake Nomadland, filamu ya taratibu sana juu ya mama mmoja asiye na nyumba anayeishi ndani ya gari. Kwa Eternals walimpa dola milioni 200 na zaidi. Pia walimpa waigizaji wa kila aina: Salma Hayek wa Mexico, Kumail Nanjiani aliyezaliwa Pakistan, Ma Dong-seok wa Korea Kusini, Gemma Chan na Richard Madden wa Uingereza, na Lauren Ridloff, ambaye ni kiziwi kweli na katika filamu anaongea kwa ishara.

Na Angelina Jolie. Jina hilo sisi wakimbizi tunalijua kwa njia nyingine. Mwaka 2001 alitembelea wakimbizi Sierra Leone na Tanzania, mwaka huo huo akawa balozi mwema wa HCR, na kazi hiyo kwa namna moja au nyingine aliifanya mpaka Desemba 2022. Mama mmoja aliyekuwa pale nyuma, alipomwona amevaa nguo ya dhahabu na kushika mkuki, alisema kwa sauti, “Kumbe huyu naye anapigana!” Tulicheka sana.

Kwa hiyo pesa zilikuwepo, watu wakubwa walikuwepo, na nia ilikuwa kubwa. Lakini filamu iliingiza kama dola milioni 402 dunia nzima. Kwetu hizo ni pesa za kushangaza. Kwao si nyingi, maana karibu nusu ya bei ya tiketi inabaki kwa wenye sinema, tena matangazo yana gharama yake. Black Panther ya 2018 ilikuwa imepita bilioni moja na milioni 300. Huko Marekani watazamaji huulizwa wakiwa wanatoka mlangoni watoe alama kama za shule, na hii ilipata B, alama ya chini kuliko filamu yoyote ya Marvel iliyotangulia katika mfululizo ule.

Wengine wanasema ni Korona. Ni kweli sinema zilikuwa bado hazijajaa, na China haikuonyeshwa kabisa. Saudia, Kuwait na Qatar nako haikuonyeshwa, kwa sababu shujaa mmoja, Phastos, ana mume. Lakini mwezi mmoja tu baadaye, Desemba 2021, ilitoka Spider-Man: No Way Home, Korona ikiwa bado ipo, nayo ikapata karibu bilioni mbili. Yaani watu walikuwa tayari kutoka nyumbani. Kwa Eternals hawakutaka tu, na walioenda hawakuwaambia majirani zao waende.

Akteri njo nani?

Wanaojua nyumba za video za Goma na Gisenyi wanajua sheria yake. Dakika kumi za kwanza lazima ujue akteri ni nani na shefu bandi ni nani. Tanzania wanamwita stelingi, ni mtu yule yule. Ukishamjua, unakaa vizuri, unanunua karanga, unaanza kumshauri kwa sauti.

Watafsiri wetu wanaijua sheria hiyo kuliko Wamarekani. Marehemu Yanga, aliyefariki 2022, ambaye Rwanda nzima walimjua kwa agasobanuye, au Lufufu kule Tanzania, DJ Afro wa Kenya na VJ Jingo wa Uganda, wote kazi yao ya kwanza ni hiyo, kumshika mtazamaji mkono na kumwambia, huyu ndiye wetu, yule ndiye adui. Kijana wetu alijaribu. Walipotokea mashujaa kumi kwa mara moja, wamesimama mstari ndani ya meli yao ya angani kama wachezaji wanaosubiri wimbo wa taifa, akaanza kuwataja: Ajak, Sersi, Ikaris, Thena, Kingo, Sprite, Phastos, Makkari, Druig, Gilgamesh. Alipofika wa sita mtoto mmoja akamkata, “Yaya, akteri njo nani?” Akanyamaza kidogo, akasema, “Ngoja kwanza.”

Tulingoja saa mbili na nusu.

Sisemi watu kumi ni wengi mno. Avengers ya 2012 nayo ilikuwa na kundi. Lakini Marvel walianza na Iron Man mwaka 2008, wakamleta Hulk mwaka huo huo, wakamleta Thor na Captain America mwaka 2011, kila mtu na filamu yake. Walipokutana 2012 tulikuwa tunawajua kama majirani, tunajua nani ana hasira na nani ana maneno mengi. Wa Eternals walikuja wote siku moja kama wageni wa harusi, na kabla hujashika jina la mmoja, filamu imeruka kutoka Babeli ya kale kwenda London, kutoka London kwenda India, halafu Amazon. Miaka elfu saba kwa filamu moja! Mtu wa pili kulala alikuwa baba yangu mdogo.

Halafu kuna jambo la Ikaris. Huyu ni kijana mzuri, anaruka, anatoa moto machoni. Watoto walishamchagua kuwa akteri. Baada ya saa moja na kitu tunaambiwa ndiye aliyemuua mkubwa wao, Ajak, na kwamba tangu zamani alijua dunia itavunjika akanyamaza. Akteri ndiye shefu bandi! Katika kitabu hilo lingekuwa jambo zuri. Katika chumba chetu watoto walikasirika kama watu walioibiwa.

Walikuwa wanaangalia tu

Lakini sababu iliyoniingia mimi zaidi si hiyo. Ilitoka kwa koko.

Hadithi ni hivi. Mashujaa hawa walitumwa duniani na mkubwa wa mbinguni, Arishem, wawalinde watu dhidi ya wanyama wabaya wanaoitwa Deviants. Amri yao ilikuwa moja: vita vya watu wenyewe kwa wenyewe msiingie. Basi wanakaa na sisi miaka yote hiyo. Mwaka 1521 wanaona watu wa Mexico wanavyochinjwa na Wahispania, wanabishana, na Druig peke yake ndiye anakataa amri. Mwaka 1945 Phastos analia juu ya majivu ya Hiroshima. Mwisho wanagundua kwamba hata amri ilikuwa ya uongo: ndani ya dunia kuna mtoto wa wale wakubwa, Tiamut, analelewa kama yai, na siku atakapoanguliwa watu wote watakufa.

Mtafsiri alipoeleza habari ya amri, koko aliuliza, “Miaka elfu saba balikuwa banaangalia tu?” Akajibiwa ndiyo, koko, walikatazwa. Akasema, “Basi bakwende.” Tangu hapo hakuwahurumia tena, hata mmoja wao alipokufa.

Hapa Rwanda maneno hayo, tulikatazwa kuingilia, yana uzito wake. Aprili 11, 1994, wakati wa mauaji ya kimbari dhidi ya Watutsi, askari wa Ubelgiji waliokuwa chini ya Umoja wa Mataifa waliondoka katika shule ya ETO Kicukiro, Kigali, wakaacha nyuma zaidi ya watu 2,000 waliokimbilia kwao. Tarehe 21 ya mwezi ule ule Baraza la Usalama likaamua askari wake wote nchini wapunguzwe, wabaki 270. Na sisi tuliotoka Kongo kila mmoja ana kisa chake cha mlango aliougonga na waliokuwa ndani wakakaa kimya. Huwezi kutuletea mtu mwenye nguvu za kuzuia bomu, useme alikaa kando kwa utii, halafu ututake tumpigie makofi.

Nadhani mama Zhao alijua hilo. Filamu nzima inauliza swali hilo, kama mtu anaweza kukataa amri mbaya ya mkubwa wake. Ni swali zuri kuliko yote ambayo Marvel waliwahi kuuliza. Shida ni kwamba wanaoulizana ni wao kwa wao tu. Wanasimama uwanjani wanabishana kama watu bilioni nane waokolewe au wasiokolewe, na hao bilioni nane hatuwaoni. Hatumjui mama mmoja, duka moja, mtoto mmoja wa kijiji kile. Mchumba wa Sersi anatokea mwanzoni na mwishoni tu, katikati kama vile amesahaulika. Binadamu wa kawaida anayetembea nao kweli ni Karun, mzee wa Kihindi anayembebea Kingo kamera. Na amini usiamini, huyo ndiye chumba kizima kilimpenda! Kila hatari ikija koko anauliza, “Na yule muzee wa kamera?” Kingo alipokataa vita vya mwisho akaondoka na mzee wake, nusu ya chumba ilikuwa imeondoka naye.

Mtu hampendi shujaa kwa sababu ya misuli yake. Anampenda kwa sababu ya yule anayeokolewa, akimjua.

Pale Tiamut anapoanza kutoka, volkeno inalipuka katikati ya Bahari ya Hindi na ardhi inatetemeka, chumba kilinyamaza kabisa. Si kwa sababu ya filamu. Mei 22, 2021 Nyiragongo ililipuka usiku, watu wa Goma wakavuka mpaka kuja Gisenyi na magodoro kichwani, na siku zilizofuata mitetemeko ikapasua nyumba huku Rubavu. Mama mmoja alimshika mtoto wake. Tulikuwa tunajua zaidi ya filamu yenyewe, maana sisi tulikumbuka watu, na yenyewe ilionyesha mkono wa jiwe unaotoka majini.

Niseme pia kilichokuwa kizuri, ili nisiwaonee. Thena, yule wa Angelina Jolie, ni mgonjwa. Kumbukumbu za dunia nyingine zilizoangamia zinamrudia ghafla, macho yanakuwa meupe, anawashambulia ndugu zake bila kuwajua. Ajak anataka afutwe kumbukumbu zote. Gilgamesh, yule Mkorea mnene, anasema hapana, mimi nitakaa naye. Anakaa naye karne tano, wawili tu katika nyumba ya mbali Australia, anampikia, na siku akishikwa anampokea kwa mikono yake mpaka apoe. Wenye ndugu ambaye usiku anaamka akipiga kelele kwamba wamekuja, mnajua kazi hiyo. Akina mama nyuma hawakuhitaji mtafsiri. Ingekuwa filamu ni hao wawili tu, na nyumba yao, ningeiangalia mara mbili. Lakini walipewa dakika chache, halafu Gilgamesh akauawa na tukapelekwa kwingine.

Mpaka leo Marvel hawajatengeneza filamu ya pili ya Eternals. Lile jiwe la Tiamut lililobaki baharini wamelitumia katika filamu ya Captain America ya Februari 2025. Mashujaa wenyewe hawakuonekana.

Vijana wameuliza tuweke filamu gani safari ijayo. Nimependekeza Supa Modo ya Kenya, ya mwaka 2018, iliyoongozwa na Likarion Wainaina. Haifiki hata saa moja na nusu. Akteri ni mmoja na utamjua mara moja: Jo, msichana mgonjwa sana anayetaka kuwa na nguvu kama za kwenye filamu, na kijiji kizima kinaamua kumsaidia aamini anazo. Ndani yake kuna hata nyumba ya video na mtafsiri wake. Tutaiangalia Jumamosi ya mwisho wa mwezi saa nane mchana. Wazazi njooni na watoto, na anayeweza alete benchi. Kiti cha karibu na mlango kimeshachukuliwa.