Sauti ya dada wa Kinshasa, sura ya mwingine

Leo tunaacha kidogo bei ya shaba na kobalti, tunaongea muziki. Lakini usigeuze ukurasa, sababu habari hii ni ya kazi na ya jina la mfanyakazi.

Sisi tuliokuwa vijana wakati nchi ilikuwa ingali Zaire, wimbo Pump Up the Jam tunaujua. Hata leo kwenye ndoa, ukipigwa tu, wakubwa wanaacha chupa juu ya meza na kusimama. Ulitoka mwaka 1989 kule Ubelgiji, kwa jina la Technotronic. Ulifika namba 2 Uingereza, namba 2 tena Marekani. Ndani yake kuko mdundo wa mashine, ule wa house, na juu yake sauti ya mwanamke anayetupa maneno kwa rap. Kati ya nyimbo za kwanza zilizopeleka mchanganyiko ule dunia nzima, huu uko mbele.

Sasa, nani aliimba? Ukitazama jalada la disiki na video, unaona msichana mrefu, mzuri, rangi za mdomo zinang'aa. Jina lake Felly, mwanamitindo mwenye asili ya kwetu. Jina hilo ndilo liliandikwa pembeni ya Technotronic. Kumbe mdomo wake ulikuwa unafuata tu. Sauti ni ya mwingine: Ya Kid K, jina la kwao Manuela Kamosi, mzaliwa wa Kinshasa. Aliingia Ubelgiji akiwa mtoto, akapita pia Chicago, mji ambako house ilizaliwa.

Mbelgiji Jo Bogaert ndiye aliyetengeneza mdundo. Mdundo peke yake ulikuwa bila maneno, sawa na kamiyo bila shoferi. Dada yule akaweka maneno na sauti, ndipo kamiyo ikatembea. Mashine ilikuwa ya mwingine, jasho la maneno likawa la kwake. Lakini siku ya kuonyesha kazi mbele ya watu, uso wake haukuonekana.

Tuseme wazi: Felly hatumlaumu. Yeye aliitwa kufanya kazi ya mwanamitindo, akafanya. Tukianza kugombana mfanyakazi na mfanyakazi, wale walioamua jalada liwe namna gani wanakaa kivulini wakitucheka. Hiyo tunaijua vizuri kwenye mgodi: wa kontra ya kampuni anamdharau wa sutretansi, wa sutretansi anamdharau mchimbaji wa karieri, na mwezi unaisha vilevile.

Angalia jambo moja lililomsaidia dada. Ndani ya mabano, kwa herufi ndogo ndogo chini ya jina la wimbo, pale wanapoandika watunzi, kuliandikwa Kamosi. Pembeni yake kuko Thomas de Quincey, na huyo ni Bogaert mwenyewe aliyejipa jina lingine kwa kupenda kwake. Watu wa dansi hawasomi mabano. Lakini haki za mtunzi zinafuata mabano, hazifuati picha. Picha inaweza kubadilishwa. Jina kwenye karatasi linabaki.

Na lilizaa. Wimbo uliofuata, Get Up, ulitoka na jina la Ya Kid K wazi wazi, na uso wake kwenye video. Mwaka 1990 Technotronic walifungua maonyesho ya Madonna katika ile safari yake kubwa ya Blond Ambition, na dada wa Kinshasa alikuwa jukwaani mwenyewe.

Mwaka ule ule Mwafrika mwingine alitokea Sweden: Dr. Alban, mzaliwa wa Nigeria. Alikwenda kule kusomea meno, na usiku alikuwa anapiga disiki kwenye klabu ili apate pesa ya masomo. Wale wanaotoka zamu moja na kuingia nyingine wanamwelewa. Yeye alichanganya rap na reggae juu ya mdundo wa dansi: Hello Afrika mwaka 1990, kisha It's My Life mwaka 1992, iliyofika namba 1 Ujerumani. Sauti yake, uso wake, na hata cheo chake cha daktari wa meno aliweka kwenye jalada. Miaka ile kila klabu ya Ulaya ilitaka rap ya Mwafrika na kiitikio cha kuimba. Biashara ilisimama juu ya sauti hizo.

Sisi tunachukua nini hapa? Kila jiwe linalotoka kwetu linaishia ndani ya telefoni au betri, na kwenye kartoni kuko jina la mwingine. Hilo hatutaligeuza kesho asubuhi. Lakini mabano yetu tunaweza kuyasimamia. Kodi ya Kazi ya mwaka 2002 inataka mwajiri akupe karatasi ya hesabu kila anapokulipa. Iombe, isome, itunze. Angalia kama jina lako limeandikwa vizuri, herufi kwa herufi, na kama CNSS wanakutambua. Na wewe wa karieri, siku ya kuuza usiondoke depo bila karatasi yenye jina, kilo na tenere.

Mama, karatasi hizo mziweke pamoja na vyeti vya watoto, mahali pakavu. Siku mzee atakapougua au atakapopumzika kazi, hakuna atakayeuliza alichimba kwa nguvu namna gani. Watauliza jina lake liko wapi.