Kauboi wa bei rahisi: sinema ambazo Hollywood ilizidharau na vijana wa Kongo wakazifanya zao

Lubumbashi – Kabla ya televisheni, kabla ya kaseti na simu, vijana wa miji ya Kongo walikuwa na shujaa wao wa sinema: kauboi mwenye kofia pana, farasi na bastola kiunoni. Huko alikotoka, kauboi huyo hakuwa mtu mkubwa. Filamu zake nyingi zilipigwa kwa siku chache na kwa pesa kidogo, ili kusindikiza filamu nyingine ambayo ndiyo iliyoandikwa kwa herufi kubwa mlangoni. Marekani waliziita filamu za B.

Safari ya filamu hizo, kutoka Hollywood hadi vitongoji vya Waafrika, inahusu haki moja ambayo leo tunaiona ya kawaida: nani anaruhusiwa kutazama nini.

Tikiti moja, filamu mbili

Katika miaka ya 1930 uchumi wa Marekani ulianguka na watu wakapunguza kwenda sinema. Wenye majumba ya sinema wakatafuta namna ya kuwavuta: ukilipa tikiti moja, unaona filamu mbili. Ya kwanza ni A, yenye waigizaji maarufu. Ya pili ni B, mara nyingi ya dakika kama 60 tu.

Tofauti kubwa ilikuwa katika malipo. Filamu ya A ilikodishwa kwa asilimia ya mapato: watu wakijaa, studio inapata zaidi. Ya B ilikodishwa kwa bei iliyopangwa mbele. Ukumbi ujae au ubaki mtupu, studio inapokea pesa ileile. Kwa hiyo faida haikutoka katika kuifanya filamu iwe nzuri. Ilitoka katika kuitengeneza kwa gharama ndogo.

Kampuni ndogo kama Monogram, PRC na Republic ziliishi kwa kazi hiyo. Republic, iliyoundwa na Herbert Yates mwaka 1935, ilikuwa na kundi la filamu za kauboi zilizopangiwa siku 7 tu za kupigwa. Picha za farasi wakikimbia zilizopigwa kwa filamu moja zilirudishwa katika nyingine. Vilima vilevile na nyumba zilezile za mbao vilionekana mwaka hadi mwaka.

John Wayne mwenyewe alipitia huko. Filamu yake kubwa ya mwaka 1930, The Big Trail, ilipoanguka sokoni, alishuka hadi filamu za bei rahisi. Kati ya 1933 na 1935 alicheza 16 zilizosambazwa na Monogram. Alirudi juu mwaka 1939 tu, katika Stagecoach ya John Ford.

Umaskini huo ulizaa pia ufundi. Yakima Canutt, mtaalamu wa kuanguka na farasi, alitengeneza pamoja na Wayne namna mpya ya kupigana mbele ya kamera. Kamera iliwekwa pembeni kwa namna ambayo ngumi inayopita hewani ilionekana imefika usoni. Mwaka 1967 Canutt alipewa tuzo ya Oscar ya heshima. Ngumi hizo hazikuhitaji tafsiri. Mtu asiyejua neno moja la Kiingereza alielewa nani amepigwa na kwa nini.

Sheria ya Wabelgiji

Kamalondo, komini ndogo kuliko zote za Lubumbashi kwa eneo, wakati wa ukoloni iliitwa Albert. Ni ya zamani kuliko Kenya, Katuba na Ruashi. Kati ya cité hiyo na mji wa Wazungu wa Elisabethville, serikali iliacha eneo tupu lililoitwa zone neutre, ili Mwafrika na Mzungu wasikae jirani. Mchana watu walivuka kwenda kazini. Jioni walirudi upande wao.

Sinema nayo ilitenganishwa. Amri ya mwaka 1945 ilikataza kuwaingiza ukumbini watu wasiokuwa Wazungu au Waasia, isipokuwa kama filamu imepitishwa na tume ya udhibiti. Kosa halikuwa la filamu tu, lilikuwa pia la rangi ya anayetazama. Filamu ambayo Mzungu aliiona mjini bila shida ingeweza kukatazwa kwa karani au fundi Mwafrika, hata kama alisoma na alikuwa na pesa ya tikiti.

Nyuma ya amri hiyo kulikuwa na hofu na dharau pamoja. Hofu, kwa sababu serikali haikutaka Mwafrika aone Wazungu wakiiba, wakilewa au wakishindwa. Dharau, kwa sababu maofisa waliamini Mwafrika hawezi kufuata hadithi ngumu. Mwaka 1952 Van Bever, afisa wa mambo ya sinema katika koloni, alitoa kitabu kizima juu ya sinema kwa Waafrika, kilichotetea filamu nyepesi zilizotengenezwa kwa ajili yao.

Katika kambi za Union Minière na kwenye misheni, sinema ilikuwa burudani iliyochaguliwa na bwana kazi au padri. Filamu ya kauboi ilikuwa na nafasi nzuri ya kupita katika chujio hilo. Ilikuwa fupi, ya bei rahisi, na mwisho wake mtu mbaya anaadhibiwa.

Jeke wa Luanshya, Bill wa Léopoldville

Mkoloni alichagua filamu, lakini hakuweza kuchagua kile watu watakachochukua ndani yake.

Ng'ambo ya mpaka, huko Luanshya katika migodi ya shaba ya Zambia ya leo, mtafiti Mmarekani Hortense Powdermaker alikaa mwaka 1953 na 1954 akichunguza maisha ya wachimbaji. Aliijua sinema toka shina lake, kwa sababu mwaka 1950 alikuwa ametoa kitabu juu ya Hollywood yenyewe. Aliona namna watazamaji wa migodini walivyopenda kauboi na kelele walizopiga. Katika migodi hiyo shujaa aliitwa Jeke, hata kama ndani ya filamu ana jina lingine. Vijana walivaa kofia pana na vitambaa shingoni.

Huko Léopoldville, Kinshasa ya leo, vijana wa miaka ya 1950 walijiita Bill, kutokana na Buffalo Bill. Waliunda makundi, wakapa mitaa yao majina kama Texas, na wakatengeneza lugha yao, Hindubill. Mwanahistoria Didier Gondola aliandika habari zao katika kitabu Tropical Cowboys cha mwaka 2016. Haikuwa michezo tu. Gondola anaonyesha pia ubabe wa makundi hayo na namna wasichana walivyoumia. Kauboi aliwapa vijana heshima ambayo koloni iliwanyima, na aliwapa pia ngumi.

Katanga iko kati ya dunia hizo mbili: kwa shaba na reli inaungana na Zambia, kwa utawala inaungana na Kinshasa.

Bei rahisi ya kwetu

Kongo nayo ilipata filamu zake za pesa kidogo. Huko Kasai, padri wa Scheut Albert Van Haelst alitengeneza vichekesho vya Matamata na Pilipili, mmoja mnene na mwingine mwembamba. Waigizaji walikuwa Wakongo, lakini kamera na mafunzo ya mwisho vilibaki mikononi mwa padri.

Leo mkono umebadilika. Huko Wakaliga, Kampala, Nabwana I.G.G. alitoa mwaka 2010 filamu ya mapigano Who Killed Captain Alex? kwa vifaa vya kuokoteza, na ikajulikana dunia nzima.

Hollywood ilifunga mlango wa filamu za B katika miaka ya 1950, televisheni ilipoingia majumbani. Sehemu kubwa ya filamu za koloni inatunzwa Ubelgiji. Lakini kumbukumbu za watazamaji ziko hapa. Aliyekuwa na miaka 10 mwaka 1955 sasa ana umri wa miaka 80 hivi. Lubumbashi tayari ina mradi wa Mémoires de Lubumbashi, ambamo mwanahistoria Donatien Dibwe dia Mwembu wa UNILU na wenzake wamekusanya masimulizi ya wakaaji wa mji. Wazee wa Kamalondo waulizwe pia juu ya sinema: waliona nini, wapi, na nani aliwakataza. Maswali hayo hayahitaji bajeti kubwa. Yanahitaji kuulizwa mapema.