Safari moja salama, safari kumi mashaka

MFANYABIASHARA wa nyanya anayepakia matenga Ilula, mkoani Iringa, na kuyashusha soko la Ilala, Dar es Salaam, akiulizwa kama biashara yake ni ya hatari atajibu kuwa lori huharibika au kuchelewa mara chache tu. Jibu hilo ni la kweli kwa safari moja. Tatizo ni kwamba hakuna anayefanya safari moja.

Ichukuliwe kuwa katika kila safari 20, moja humalizika kwa mzigo wote kuoza njiani. Nafasi ya safari moja kufika salama ni asilimia 95. Ili kupata nafasi ya safari mbili zote kufika, wengi hupunguza tano, wakapata 90. Njia sahihi ni kuzidisha: 0.95 mara 0.95, yaani asilimia 90.25. Kwa safari mbili tofauti haionekani. Lakini zidisha 0.95 mara kumi kwenye kikokotoo cha simu, inabaki kama asilimia 60. Zidisha mara 20, inabaki 36. Kwa hiyo anayesafiri mara 20 ana nafasi ya asilimia 64 ya kukutana na hasara angalau mara moja. Anayetoa tano tano angefikiri kuwa hasara ni lazima kwa asilimia 100, jambo ambalo nalo si kweli.

Cha kushangaza ni kwamba biashara yenyewe si mbaya. Kwa mtaji wa shilingi milioni 8 na faida ya asilimia 10, safari 19 nzuri zinaleta milioni 15.2. Moja mbaya inakula milioni 8. Kwenye karatasi inabaki faida ya milioni 7.2. Ila karatasi haisemi hasara itaangukia safari ya ngapi. Ikiangukia ya tatu, mwenye milioni 8 tu mfukoni atakuwa ameambulia milioni 1.6, tena kama hajalipa ada ya shule wala marejesho ya mkopo. Safari 17 zilizobaki, ambazo zingemrudishia fedha, hatazifanya yeye. Zitafanywa na mwenye mtaji mkubwa, ambaye kwa hasara hiyo hiyo alikasirika siku moja tu.

Dawa iliyozoeleka ni wanne kuungana, kila mmoja akaweka milioni 2 katika kila moja ya malori manne. Nafasi ya angalau lori moja kupotea inapanda hadi asilimia 18.5, na hapa ndipo wengi hukata tamaa na kuona ushirika una mikosi. Wanasahau kwamba kinachopotea sasa ni milioni 2 kwa kila mtu. Malori yote manne kupotea ni nafasi moja kati ya 160,000.

Hesabu hiyo, hata hivyo, ina sharti: lori moja lisitegemee jingine. Malori manne yakiondoka usiku mmoja wa masika na kukwama mteremko mmoja wa Kitonga, hayo ni lori moja lenye matairi mengi. Mvua za El Niño za mwaka 1997 na 1998 zilikata barabara nyingi za Afrika Mashariki kwa wakati mmoja, na kugawa mzigo hakukusaidia. Wakubwa nao wameteleza hapo hapo. Mabenki ya Marekani yalifungasha maelfu ya mikopo ya nyumba yakiamini wakopaji hawatashindwa kulipa kwa pamoja; bei za nyumba ziliposhuka karibu nchi nzima walishindwa pamoja, na Septemba 15, 2008 benki ya Lehman Brothers ikaomba kufilisiwa.

Wapo pia wanaokosea upande wa pili, kwa kudhani safari iliyopita inaidai ijayo. Agosti 18, 1913, katika kasino ya Monte Carlo, mpira ulitua kwenye rangi nyeusi mara 26 mfululizo. Wachezaji walizidi kumwaga fedha kwenye nyekundu wakisema zamu yake imefika, wakapoteza mamilioni. Aliyepata hasara mbili akakopa zaidi kwa kuwa "mkosi umekwisha" anacheza mchezo ule ule.

Tarakimu ya moja kati ya 20 kila mtu aitafute katika daftari lake mwenyewe, kwa kuwa njia na mizigo hutofautiana. Mwenye safari 12 bila hasara asiandike sifuri. Katika njia yenye hatari hiyo hiyo ya asilimia 5, zaidi ya nusu ya wasafirishaji, asilimia 54, humaliza safari 12 wakiwa wasafi kama yeye.