Mtaa, Kata, Tarafa na Wilaya: Asili na Matumizi ya Majina ya Mgawanyo wa Nchi

Mkazi wa Mbagala au wa Tandale apewapo fomu ya serikali, aghalabu hukuta nafasi tano za kujaza: mtaa, kata, tarafa, wilaya na mkoa. Wengi hukwama katika ile ya kwanza. Je, mtu aandike jina la njia inayopita mbele ya nyumba yake, au jina la eneo lenye mwenyekiti na ofisi yake? Fomu haisemi. Naye mfasiri akutanapo na maneno hayo hayo katika waraka wa Kenya au wa Oman, hudhani kuwa anayafahamu, kumbe maana imekwisha geuka. Makala haya yanakusudia kueleza asili ya maneno hayo na mipaka ya matumizi yake.

Maneno yenye asili ya Kiarabu

Neno wilaya limetoka katika Kiarabu, na shina lake lina maana ya kusimamia na kutawala. Katika shina hilo hilo limetoka neno liwali, ambalo ni “al-wali” lililotamkwa Kiswahili. Masultani wa Oman na Zanzibar waliweka maliwali katika miji ya pwani. Wadachi walipoitwaa nchi waliuendeleza utaratibu huo, wakaweka na maakida na majumbe hata katika sehemu za bara. Vyeo hivyo vimekwisha, lakini wilaya imebaki.

Yafaa mfasiri akumbuke kuwa neno hili halina kipimo kimoja duniani. Nchini Oman wilaya ni sehemu ya mkoa, nayo husimamiwa na wali, jambo linalokaribiana na la kwetu. Nchini Algeria, wilaya ndiyo sehemu kubwa kabisa ya utawala, yaani sawa na mkoa wetu.

Tarafa nalo ni neno la Kiarabu, lenye maana ya upande au ukingo. Tarafa, basi, ni upande wa wilaya. Haina baraza la kuchaguliwa, bali ina Afisa Tarafa, ambaye ni mtumishi wa Serikali Kuu.

Mkoa na jimbo

Wakati wa Waingereza sehemu kubwa za Tanganyika ziliitwa majimbo. Baada ya uhuru utaratibu huo ulibadilishwa, na neno mkoa likashika mahali pake. Jimbo halikufa: leo hutumika kwa eneo la uchaguzi wa mbunge, na makanisa hulitumia kwa eneo la askofu. Katika Kongo, jimbo lingali sehemu kuu ya utawala. Nchini Kenya neno majimbo hukumbusha mfumo wa katiba ya mwaka 1963. Mikoa ya nchi hiyo nayo ilipoteza nafasi yake chini ya katiba ya mwaka 2010, iliyoweka kaunti 47.

Kata, kijiji na kitongoji

Maana ya kata inakaribiana na ile ya kitenzi kukata: ni sehemu iliyomegwa. Isichanganywe na kata ya kutekea maji, wala kata ya kuwekea mzigo kichwani. Nchini Tanzania kata humchagua diwani, jina ambalo zamani lilikuwa la watawala wa miji ya Mrima. Nchini Kenya, hata hivyo, kata ni eneo la chifu, na sehemu inayochagua mwakilishi huitwa wadi. Mwenye kuhamisha neno hili kutoka nchi moja hadi nyingine bila ya kulichungua atampeleka msomaji katika ofisi isiyo yake.

Kijiji ni neno mji lililofanywa dogo, kama vile mto unavyokuwa kijito na mti unavyokuwa kijiti. Kwa asili, basi, kijiji ni mji mdogo. Lakini katika serikali za mitaa “mji mdogo” ni mamlaka nyingine kabisa, yenye taratibu zake. Hapa tunaona kuwa asili ya neno haitoshi. Sheria nayo ina kauli yake.

Kitongoji, kwa mujibu wa sheria, ni sehemu ya kijiji au ya mji mdogo. Magazeti, hata hivyo, huandika “vitongoji vya Dar es Salaam” yakikusudia Sinza au Temeke, ambako hakuna vitongoji bali mitaa. Kwa maana hiyo lugha yetu ina neno kiunga, ambalo asili yake ni shamba la miti ya matunda pembezoni mwa mji. Mji ulipopanuka, mashamba yakawa makazi, na jina likabaki.

Mtaa

Neno hili ndilo lenye mzigo mkubwa kuliko yote. Kwanza ni sehemu ya mji wanamokaa watu, kama mitaa ya miji ya kale ya pwani. Pili ni njia iliyopangwa nyumba kando yake. Tatu, chini ya Sheria Na. 8 ya mwaka 1982, ni sehemu ya kata ya mjini, yenye mwenyekiti anayechaguliwa. Juu ya hayo tunasema “serikali za mitaa” hata tunapokusudia halmashauri za vijijini. Mwaka 2022, anwani za makazi zilipowekwa, njia nyingi zilipata vibao vya majina. Tangu hapo mwananchi anaweza kuwa na mitaa miwili kwa wakati mmoja: ule wa kibao na ule wa mwenyekiti. Akiandika usiotakiwa, barua yake ya utambulisho hukataliwa, naye hupoteza siku nzima.

Majina ya mahali

Majina ya viunga vyetu yana historia yake. Kariakoo limetokana na jina la Kiingereza la kikosi cha wapagazi wa vita vya 1914 hadi 1918. Mikocheni ni mahali penye mikoche. Kiambishi -ni cha mahali kinaonekana pia katika Mtoni na Gerezani. Mwananyamala husimuliwa kuwa ni Kizaramo: mama akimnyamazisha mwanawe. Kijana asiyejua Kizaramo hawezi kuisikia sauti hiyo ndani ya jina.

Jambo hili si letu peke yetu. Ayalandi imegawanyika katika sehemu ndogo za kale zaidi ya 60,000, zenye majina ya Kiayalandi. Kaunti zililetwa baadaye na watawala kutoka Uingereza. Wapimaji walioanza kazi mwaka 1824 waliandika majina hayo kwa tahajia ya Kiingereza. Kwa bahati njema John O'Donovan, mtaalamu aliyeajiriwa nao, aliwauliza wenyeji matamshi na maana. Bila ya kazi hiyo, majina mengi yangebaki sauti tupu kwa wajukuu walioiacha lugha ya mababu.

Mipaka yetu nayo huhama. Mkazi wa Kimara alikuwa wa Wilaya ya Kinondoni. Ilipomegwa akawa wa Ubungo, kama watu wa Kigamboni walivyotengwa na Temeke. Nyumba haikusogea, lakini anwani ilibadilika.

Mapendekezo

Kwa hiyo tunapendekeza:

(a) Fomu zitenge nafasi mbili: “mtaa wenye mwenyekiti” na “barabara au njia”.

(b) Kitongoji kitumike kwa maana ya sheria tu, na kiunga kwa makazi ya pembezoni mwa mji.

(c) Mfasiri ataje nchi kila aandikapo kata, wilaya au jimbo.

(d) Walimu wawatume wanafunzi kwa wazee wa mtaa kuandika matamshi na visa vya majina. Wazee wanaokijua Kizaramo cha viunga hivi wanazidi kupungua, na kazi hiyo haiwezi kungoja.