Jaji hakupi nyumba

Makao makuu ya halmashauri ya Waltham Forest, jijini London, yako Forest Road, Walthamstow. Ukiwaandikia kwamba mwenye nyumba anakutoa na huna pa kwenda, Sheria ya Makazi ya 1996 inawabana: wakiwa na sababu ya kuamini kwamba huenda huna makao, au utayakosa ndani ya siku 56, lazima wachunguze. Huhitaji kuwa umeshathibitisha kila kitu. Hata hivyo, kwingi Uingereza watu huambiwa warudi siku bailifu akishafika, au hawajibiwi kabisa.

Kwa ukimya wa namna hiyo ipo amri ya Mahakama Kuu, ile ambayo mawakili wa Dar es Salaam na Nairobi wanaiita mandamus. Inamwamuru mwenye mamlaka atimize wajibu wake. Wengi wanadhani inampa mwombaji alichoomba. Sivyo.

Mwaka 1968 wafugaji wa kusini-mashariki mwa Uingereza walishinda kesi ya Padfield. Walilalamika kwamba bei ya maziwa iliyopangwa na bodi inawapunja wao walio karibu na soko la London, na waziri akakataa kuyapeleka malalamiko kwenye kamati ya uchunguzi. Mabwana wa Sheria, majaji wa mahakama ya juu kabisa ya wakati huo, walimwamuru ayafikirie upya kwa kufuata sheria. Akayapeleka, kamati ikawaunga mkono wafugaji, na waziri bado akakataa kubadili bei. Mahakama ya Rufani ya Kenya ilishika msimamo huohuo mwaka 1997 katika kesi ya Baraza la Mitihani: mandamus hulazimisha wajibu utekelezwe, haiamui utekelezwe vipi pale sheria ilipomwachia mhusika hiari.

Basi ina faida gani? Kubwa, kwa maoni yangu. Ukimya hauna hoja ya kupinga. Uamuzi wa maandishi unazo sababu, na sababu zinaweza kupingwa.

Hatua ya kwanza ni barua ya onyo kwa halmashauri, ikieleza wajibu gani umepuuzwa na unataka nini. Kwa kawaida hupewa siku 14, pungufu kama mtu yuko hatarini kulala nje. Mara nyingi jibu hutoka hapohapo, kesi isifunguliwe. Isipotoka, unaomba kibali cha Mahakama Kuu haraka, na kwa vyovyote ndani ya miezi mitatu. Mwombe wakili aangalie kama unastahili msaada wa kisheria wa serikali.

Lakini ukishapewa uamuzi wa maandishi, hata mbaya, njia hubadilika. Ndani ya siku 21 unaiomba halmashauri yenyewe iupitie upya, na ikikukatalia tena, rufaa kwa hoja ya kisheria huenda mahakama ya kaunti. Siku hizo 21 zinahesabiwa tangu ulipoarifiwa uamuzi, si tangu ulipompata wakili.